Jiko Ndilo Letu

Mtu anayefundisha udereva hukaa upande usio na usukani, na hilo peke yake linatosha kummaliza. Kutwa nzima anapelekwa kwenye nguzo za umeme na watu ambao bado hawajaamua kushoto kwao ni wapi. Mama Breki alikuwa ameifanya kazi hiyo kwa miaka mingi kiasi kwamba mguu wake wa kulia haukulala tena. Hata kitandani, mumewe alilalamika, ukijigeuza ghafla unakanyagwa. Gari la shule lilikuwa na pedeli moja ya ziada mbele ya kiti chake, breki yake peke yake, na jina alilopewa na wanafunzi lilitoka hapo. Mwanzoni walimwita hivyo kisirisiri. Baadaye akawa anaitika.

Hakuwa mkali kama walivyodhani. Alichoka tu kusema jambo lile lile. Angalia kioo. Umeangalia nyuma, au umejiangalia wewe? Toa indiketa. Hiyo ni waipa, mwanangu, mvua hakuna. Maneno hayo aliyasema kuanzia asubuhi, kwa sauti ya mtu anayesoma matangazo ya vifo, na jioni alirudi nyumbani akiwa hana hamu ya kuongea na yeyote.

Shule yenyewe ilikuwa chumba kimoja juu ya duka la rangi, pamoja na magari mawili. Mwenye shule alipenda kuitwa Mkurugenzi. Alikuwa na kiti kinachozunguka, na kwa udogo wa chumba, kila alipozunguka goti lake liligonga kabati. Mwanzoni mwa mwezi mmoja alimwita Mama Breki, akamwambia anahama. Anakwenda kukaa na mwanawe ughaibuni. Magoti yamechoka, na wanafunzi wamemchosha zaidi. Anauza kila kitu: magari, leseni, chumba na hata kiti.

"Nimekufikiria wewe kwanza, Mama," alisema. "Lakini mwisho wa mwezi nataka jibu. Kuna jamaa mwingine ananinyemelea."

Mama Breki alishuka ngazi akiwa ameshika ukuta. Kwa miaka alikuwa akiiendesha ile shule kichwani mwake. Alishafuta ule utaratibu wa kujaza wanafunzi watatu kiti cha nyuma wamtazame mmoja akiendesha, kisha wote wanalipishwa somo. Alishabadilisha klachi kabla haijaanza kutoa moshi. Alishapaka ukuta rangi, na rangi yenyewe ipo chini, hapo hapo. Sasa kilichobaki ni pesa.

Nyumbani, mumewe hakuona tatizo. Huyu alikuwa fundi wa majokofu, mtu mchangamfu ambaye hajawahi kukutana na jokofu lililokufa kabisa, ingawa la kwake mwenyewe lilifungwa kwa mkanda wa suruali. Wao kwa wao hawakuitana majina. Yeye alimwita Mwalimu, naye akamwita Fundi, na ukiwasikia ungedhani mmoja amekuja kutengenezewa kitu.

Fundi alipiga hesabu akiwa amesimama, mkate mdomoni. Nyumba waliinunua kwa mkopo wa benki wa miaka ishirini. Wamelipa miaka kumi bila kuruka mwezi hata mmoja. Basi nusu ya nyumba ni yao. Wanaiuza, wanampa mwenye benki nusu yake, nusu yao wanaichukua, wanaongeza kile kiakiba cha Mwalimu, wananunua shule. Watapanga vyumba viwili karibu na mjini mpaka mambo yakae sawa.

"Tumeshavuka nusu, Mwalimu," alisema. "Sasa hivi ni mteremko tu."

Naye Mama Breki alikubali, na hapo ndipo palipomuuma baadaye, kwa sababu hakuna aliyemdanganya. Kwenye shule ya udereva mwanafunzi hupewa kadi yenye vyumba ishirini. Akilipa nusu ya ada, anapata nusu ya masomo, unapiga muhuri vyumba kumi, mmemalizana. Fundi naye huchukua nusu ya malipo anapofungua jokofu na nusu linapoanza kugandisha. Wote wawili walikuwa wamekata vitu katikati maisha yao yote, na ile mikato ilikaa vizuri. Haikuwajia kwamba kuna kitu duniani ambacho ukifika katikati yake unakuwa hujafika katikati.

Wiki hiyo alikwenda kuona vyumba viwili vya kupanga. Aliuliza bei ya kubadilisha jina kwenye milango ya gari. Alinunua hata sampuli ya rangi.

Miongoni mwa wanafunzi wake kulikuwa na binti aliyefanya kazi katika benki ile ile, dawati la mikopo ya nyumba. Msichana safi, wa viatu vilivyong'arishwa, mpole, na kwenye usukani alikuwa balaa. Alishafeli mtihani mara mbili, mara zote mahali pamoja: mlima wa hospitali. Pale mtahini humwambia mwanafunzi asimame katikati ya mwinuko, kisha aondoke bila gari kurudi nyuma. Binti wa benki akisikia tu neno mlima viganja vilitoa maji.

Ili kumtoa hofu, Mama Breki akawa anapiga naye soga huku wakipanda. Akamweleza habari ya shule, ya Mkurugenzi na magoti yake, ya kuuza nyumba na kuchukua nusu yao. Aliongea kwa furaha, jambo ambalo mwanafunzi hakuwa amewahi kulishuhudia. Walipofika katikati ya mwinuko akamwambia simama, vuta breki ya mkono. Binti akasimama. Kisha akageuka, kitu kilichokatazwa.

"Mwalimu, nani kakwambia ni nusu?"

"Macho mbele. Tumelipa miaka kumi kati ya ishirini. Ninyi kwenu mnahesabu vipi?"

Gari likazima.

Binti alianza kueleza, na alieleza kama watu wa benki wanavyoeleza, maneno mengi na mikono miwili, ambayo yote miwili ilitakiwa iwe kwenye usukani. Riba inahesabiwa kila mwezi juu ya deni lililobaki. Deni likiwa bado bichi, riba ni kubwa. Rejesho la mwezi lenyewe halibadiliki, kwa hiyo kwanza linalipa riba, na kinachosalia, kama kinasalia, ndicho kinachokwenda kupunguza deni. Miaka ya mwanzo kinasalia kidogo sana. Mama Breki alisikia kila neno na hakuelewa hata moja. Alijua tu kwamba ameanza kukasirika, na nyuma yao magari yalikuwa yakipanga foleni.

"Washa gari," alisema. "Gia namba moja. Klachi juu taratibu, mafuta kidogo, achia mkono."

Binti akawasha. Akapandisha klachi mpaka ikashika, kisha akaganda hapo kwa woga, nusu juu nusu chini. Gari likaunguruma na kutetemeka. Halikurudi nyuma, wala halikupanda. Mshale wa injini ulikuwa juu, harufu ya sahani ya klachi ikaanza kuingia, na lile gari lilikuwa limesimama pale pale mbele ya geti la hospitali kama limeajiriwa kulilinda.

Mama Breki akasema yale anayosema siku zote. "Hapo unachoma mafuta ili ukae ulipo. Nguvu yote inakwisha kwenye kuzuia usirudi nyuma. Ongeza, ndiyo upande."

Kisha akayasikia maneno yake mwenyewe. Mtu wa nyuma akapiga honi ndefu.

"Ndivyo mnavyotufanyia?" aliuliza polepole.

"Ndivyo hivyo, Mwalimu," alisema binti, macho mbele, klachi nusu. "Hasa miaka ya mwanzo."

Kesho yake alikwenda benki. Alichukua karatasi yenye namba, akakaa kwenye kiti kilichounganishwa na wenzake kwa chuma, akatazama kalamu iliyofungwa kwa uzi mezani. Inashangaza, alijiambia, watu wanakupa pesa za kununua nyumba nzima halafu kalamu wanakuogopa. Ilipofika zamu yake akakaribishwa na binti yule yule, ila huku alikuwa mtu mwingine kabisa. Viganja vilikuwa vikavu. Aligonga vitufe viwili vitatu, akageuza skrini, na mambo yakawa wazi kama sahani iliyooshwa.

Katika kila kumi walizokopa, nane bado wanadaiwa. Walichokwisha kulipa kwa miaka kumi ni mkopo mzima na nusu yake. Wakimaliza ile ishirini watakuwa wamelipa kiasi cha nyumba tatu kwa nyumba moja. Mwezi wa kwanza kabisa, katika kila mia waliyopeleka, sita tu ndizo zilizogusa deni. Na leo, baada ya miaka yote hiyo, ni ishirini na tano.

Mama Breki aliuliza kama hayo yaliandikwa mahali. Binti alisema yameandikwa, yapo kwenye mkataba, na wanandoa walisaini kila ukurasa. Hakusema kwa kejeli, na ndiyo maana iliuma. Mama Breki akaikumbuka siku ile vizuri. Waliuliza swali moja tu: kila mwezi ni kiasi gani? Walipoambiwa, wakatazamana, wakaona wataweza, Fundi akamshika ofisa mkono kwa mikono yote miwili. Jumla hawakuuliza. Ni kama mtu aliyenunua gari kwa kuuliza rangi.

Akauliza la mwisho. Wakiuza nyumba sasa, watabaki na nini? Mtaa wao ulikuwa ule ambao lami imeahidiwa tangu zamani na haijafika, kwa hiyo bei haijapanda hata kidogo. Binti akatoa deni lililobaki, akatoa tozo ya kufunga mkopo kabla ya muda, maana hata kuwahi kunalipiwa, akatoa cha dalali. Kilichosalia kingenunua kile kiti kinachozunguka, na labda matairi.

Nyumbani Fundi alikataa. Hakubisha kwa hoja, alikataa tu, kama mtu anavyokataa kwamba amekonda. Alisema benki wamekosea. Kisha akasema binti amekosea, mtu asiyeweza kupandisha gari mlima ataweza vipi hesabu. Kisha akarudi kule kule.

"Miaka kumi kati ya ishirini ni nusu, Mwalimu. Hata mtoto anajua."

"Ni nusu ya miaka. Si nusu ya deni."

"Sasa zile pesa tulizolipa zilikuwa za nini?"

"Kodi."

"Kodi gani? Nyumba tumenunua, hatujapanga."

"Nyumba hatukupanga. Tulipanga pesa, Fundi. Pesa za watu zilikaa kwetu, tukazilipia kodi kila mwezi. Bado zipo hapa, tunaendelea kuzilipia."

Fundi akakaa. Akakwaruza meza kwa kucha. Kisha, kwa kuwa hakuwa mtu wa kukaa na huzuni bila kuifanyia kitu, akauliza iliyo yao hasa ni ipi. Moja ya tano, akajibiwa. Akatazama huku na huku. Nyumba ilikuwa na sebule, vyumba viwili vya kulala, jiko na bafu: vitano barabara. Akasema basi wachague.

Mama Breki hakutaka mchezo huo, lakini alijikuta ndani yake. Fundi alitaka bafu, kwa sababu ndipo mahali pekee anapofunga mlango na asiulizwe kitu. Mkewe akasema haiwezekani mtu alipe miaka kumi apewe bafu. Akachukua jiko. Tangu siku hiyo Fundi akitoka jikoni kwenda sebuleni aliaga, akabisha hodi sebuleni kwa benki, akajikaribisha. Siku ya kwanza ilichekesha. Siku ya tatu Mama Breki alimwambia akibisha tena hodi atampiga kwa sufuria, na sufuria itatoka kwenye chumba ambacho ni chake kisheria.

Mwisho wa mwezi ukafika. Alipanda ngazi juu ya duka la rangi akiwa bado hajui atasema nini. Mkurugenzi alikuwa ameshafunga vitu kwenye maboksi. Aliposikia kwamba pesa yote haipo, hakukasirika. Alitabasamu, akazunguka na kiti, goti likagonga.

"Pesa yote nani anayo siku hizi, Mama? Utalipa kidogo kidogo. Nitumie kila mwezi, kiasi chako unachokiweza, wala hutasikia."

Ile shule ilikuwa pale mbele ya Mama Breki, ameshikiwa mlango. Akakiona chumba kimepakwa rangi. Akauliza ni kiasi gani kwa mwezi, na alichotajiwa kilikuwa kidogo kweli, kiasi ambacho mtu angekitoa huku akiongea na simu. Kinywa kilishafunguka kusema ndiyo. Mguu wa kulia ndio ulioshuka kwanza, ukakanyaga sakafu ya mbao kwa nguvu mpaka Mkurugenzi akatazama chini ya meza.

"Jumla," alisema Mama Breki. "Mpaka namaliza, nitakuwa nimekupa ngapi?"

"Mambo ya jumla ya nini kati yetu? Huniamini?"

"Nakuamini. Ndiyo maana nauliza wewe, sijauliza mtu mwingine."

Mkurugenzi akasema yeye si benki. Akasema wamefanya kazi pamoja tangu gari la kwanza. Akasema mengi, na Mama Breki akasubiri, kwa uvumilivu aliozoea kumsubiri nao mtu anayetafuta gia ya nyuma. Hatimaye mzee akachukua simu, akazidisha, akatazama, akazidisha tena. Ilikuwa karibu mara mbili ya bei. Inawezekana hata yeye mwenyewe hakuwa anajua. Alikuwa amechagua kiasi kinachosikika kizuri na miaka inayosikika mizuri, na hajawahi kuviweka pamoja. Alionekana kama mtu aliyeona aibu kidogo na aliyefurahi kidogo.

"Hapana," alisema Mama Breki. Neno lilimtoka dogo, na alipolisikia ndipo alipojua shule imekwenda.

Hakuinuka lakini. Aliuliza bei ya gari moja, lile kuukuu, lenye pedeli mbili za breki na bampa lililoshonwa kwa waya. Akiba yake ilitosha, yote, na chenji ya petroli. Mkurugenzi alilia bei, akalia umri wa gari, akalia urafiki, kisha akachukua pesa. Shule ilikwenda kwa yule jamaa aliyekuwa akinyemelea. Wiki iliyofuata alijaza wanafunzi wanne kiti cha nyuma.

Binti wa benki alimfuata Mama Breki kwenye lile gari kuukuu, akafeli tena, kisha akafaulu mtihani mara ya nne. Kabla hajafaulu alimfundisha mwalimu wake jambo moja: akiongeza moja ya tano juu ya rejesho la kila mwezi, na ile nyongeza ikaenda moja kwa moja kwenye deni, ile kumi iliyobaki inapungua kwa miaka mitatu, inabaki saba. Ila lazima aandike barua, ya mstari mmoja, kusema nyongeza ni ya kupunguza deni. Mama Breki akaandika. Akapeleka nyongeza ya kwanza kutokana na wanafunzi wake mwenyewe, akatoka benki kichwa juu. Mwezi uliofuata akakuta nyongeza imewekwa kando kama malipo ya mbele ya mwezi unaokuja, na deni liko vile vile. Akachukua karatasi yenye namba, akakaa kwenye kiti cha chuma, akatazama kalamu na uzi wake. Alikaa pale mpaka wakarekebisha. Mwezi wa pili wakarudia kosa, naye akarudia kukaa. Mwezi wa tatu mlinzi alimwekea kiti.

Fundi bado alikuwa hajasadiki. Alilipa, hakubisha tena mbele ya watu, lakini akiwa peke yake na mafundi wenzake alisikika akisema wamevuka nusu. Jumapili moja, kwa kuwa sasa gari lilikuwa lao na hakuna wa kumlipa, Mama Breki aliamua kumfundisha. Miaka yote hiyo mume wa mwalimu wa udereva alikuwa akibeba gesi za majokofu kwa baiskeli. Alimpitisha barabara tupu, akamvumilia na waipa zake, kisha bila kumwambia akamwelekeza mlima wa hospitali. Katikati ya mwinuko akamsimamisha.

Fundi aliwasha, akapandisha klachi, ikashika, akaogopa, akaganda. Gari likaunguruma pale pale. Mshale wa mafuta ulikuwa tayari chini tangu asubuhi, naye akauona. Harufu ikaanza kuingia.

"Mwalimu," alisema, "mbona nakanyaga, mafuta yanakwisha, na haliendi?"

Mama Breki akaegemea kiti. Mguu wake ulikuwa juu ya pedeli yake, umetulia. Nyuma yao mtu alianza kupiga honi, naye akamwacha apige.

"Haya, Fundi," alisema. "Sasa tunaweza kuongea habari za nyumba."